Alikozaliwa Elise

Elise Masika hakuacha kamwe kutaja saa. Jambo lolote likitokea mbele yake aliinamisha kidevu, akatazama ile saa ndogo aliyoibana kifuani, saa yenyewe ikiwa imegeuzwa juu chini kama za wakunga wote, akaitamka kwa sauti ile ile aliyoitumia mtoto anapotoka. Mvua ikianza: "Saa nane na dakika ishirini na moja." Chai ikifurika na kuzima makaa: "Saa moja kasoro dakika nne." Siku moja bwenini Olivia alipolia kwa sababu ya kufeli mtihani wa mifupa ya nyonga, Elise alimwacha alie hadi mwisho, mkono wake ukiwa begani kwake, kisha akasema, "Saa tatu na dakika arobaini, mgonjwa amenyamaza." Olivia akacheka na kamasi zake.

Walikuwa chuo cha wakunga wakati huo, mabinti wawili wa Kikonzo, mmoja wa Karambi, mwingine wa Mahango kule mlimani. Majina yao yenyewe yalieleza nafasi zao nyumbani: Masika ni binti wa kwanza, na Olivia alikuwa Biira, wa pili. Elise alilifanyia mzaha jambo hilo. "Wewe ni wa pili kila mahali," alikuwa akisema. "Njoo nyuma yangu, nitakuonyesha njia." Na kweli alimwonyesha. Olivia, ambaye nyumbani kwao dada yake mkubwa alikuwa amekufa angali mchanga, alilizoea jambo hilo la kuwa na mtu mbele yake, hata akaona ndivyo maisha yalivyokusudiwa kuwa.

Ilikuwa Jumapili moja mchana, wakisukana nywele, Elise alipomsimulia habari za kuzaliwa kwake. Mama yake alikuwa mtu wa Kasindi, ng'ambo ya mto Lhubiriha, upande wa Kongo. Mimba yake ya kwanza ilipokomaa alivuka daraja akarudi kwa mama yake mzazi, kama wafanyavyo wanawake wengi wa pale, ili ajifungue mikononi mwa watu waliomlea. Elise akazaliwa huko. Padri wa huko akambatiza. Wiki ya tatu mama akamfunga mgongoni, akavuka tena, akarudi Karambi kwa mumewe, Bwambale, aliyekuwa akipalilia kahawa yake na kuuliza kila mpita njia kama amewaona.

"Kwa hiyo wewe ni Mkongo," Olivia alimtania.

"Nani? Mimi ni wa Karambi. Mama alikwenda tu kunichukua."

Wakacheka. Hakuna aliyeona ajabu. Kwa watu wa pale mtoto huzaliwa kwa baba yake, hata kama mama alikuwa safarini siku hiyo. Mto ule watu huuvuka kwenda kununua chumvi, kwenda msibani, kwenda kusalimia shangazi, na hakuna anayerudi nyumbani akisema ametoka nchi nyingine.

Baada ya chuo njia zao ziliachana kidogo, si sana. Olivia aliolewa na Mugume, askari polisi kutoka upande wa Mbarara, akahamia naye katika nyumba za polisi Bwera, vyumba viwili vya mabati vilivyobanana na vya wenzao kutoka kila pembe ya Uganda. Alipata kazi katika kliniki ya mtu binafsi, kupima presha na kuuza dawa. Elise alirudi Karambi, akaingia katika kituo cha afya kilichoko juu kidogo ya soko, akajitolea. Kituo hicho hakikuwa na mkunga wa serikali. Alisema atajitolea miezi sita hadi nafasi itangazwe. Ikawa miaka kumi na mmoja.

Miaka hiyo yote alitaka kitu kimoja, na hakukificha. Alitaka barua yenye mhuri, inayosema kwamba yeye Elise Masika ni mkunga wa kituo kile. Si kwa ajili ya mshahara pekee. Kila mgeni kutoka wilayani alipofika na kuuliza, "Mkunga wa hapa ni nani?" mkuu wa kituo alijibu, "Hatuna," na Elise alikuwa amesimama pale pale, glavu mikononi.

"Unajua inavyouma?" alimwambia Olivia siku moja. "Ni kama kupika chakula, halafu mtu anasema nyumba hii haina mpishi, na huku anatafuna."

Nafasi ilipotangazwa hatimaye, nafasi moja tu, Elise alimpigia Olivia simu mchana ule ule. Alipiga kelele mpaka Olivia akaiweka simu mbali na sikio. Olivia akampongeza. Hakumwambia kwamba naye amekwisha kuchukua fomu. Mugume alikuwa amepata uhamisho wa Moroto, mbali kabisa, na nyumba ya polisi ilitakiwa irudishwe. Ama amfuate mumewe kwenye nchi asiyoijua, amwache mama yake mgonjwa Mahango, ama apate kazi ya serikali hapa hapa. Alijiambia atamweleza Elise kesho. Kesho yake ikapita.

Walikutana mlangoni siku ya usaili, Kasese mjini.

"Na wewe?" Elise aliuliza.

"Na mimi."

Elise akamvuta pembeni chini ya ubaraza. "Basi tuulizane maswali. Mama ametoka kujifungua, damu haikati. Unafanya nini kwanza?" Olivia akakosea. Elise akamsahihisha, polepole, akihesabu kwa vidole. Swali hilo ndilo alilokutana nalo Olivia ndani, na akalijibu kwa maneno ya Elise.

Orodha ilipobandikwa, Elise alikuwa wa kwanza kwa alama sabini na nane. Wa pili alikuwa Olivia, sabini na sita. Elise alimkumbatia mbele ya ubao wa matangazo, akamnong'oneza, "Nilikwambia, nyuma yangu." Alikuwa akitania kama zamani. Olivia aliyasikia maneno hayo njia nzima ya kurudi Bwera.

Wiki ile ile Elise alishona sare mpya kwa fundi wa soko la Karambi, akaitundika ukutani ndani ya mfuko wa nailoni, isishike vumbi kabla ya barua kufika.

Na wiki ile ile Zedekiah alifika nyumbani kwa Mugume. Zedekiah alikuwa wakili, mtu wa maneno laini, aliyezoea kuja kituo cha polisi kufuata wateja. Aliketi, akanywa chai, akauliza habari za kazi. Olivia akamwambia.

"Huyo wa kwanza ni mtoto wa nani?"

"Wa Bwambale wa Karambi. Mama yake alikuwa wa Kasindi. Hata yeye alizaliwa huko."

Aliyasema kama mtu anavyosema kwamba jirani yake ana ng'ombe. Lakini Zedekiah aliweka kikombe chini.

"Kwenye fomu ameandika amezaliwa wapi?"

"Karambi, bila shaka."

"Basi amedanganya serikali. Na aliyedanganya kwenye fomu hana sifa. Namba moja ikianguka, namba mbili inapanda. Huo si wivu, mama. Ni sheria."

Mugume alikuwa akipiga viatu rangi mlangoni. Hakuinua kichwa. "Olivia, acha hiyo maneno. Mimi polisi nimekosa watu ya kukamata, sasa bibi yangu anataka kunitafutia?"

"Wewe unakwenda Moroto," Olivia alimjibu. "Mimi nitalala wapi?"

"Afande, hapa hakuna kukamatwa," Zedekiah alisema akicheka. "Ni karatasi tu."

Olivia alitia saini ile karatasi Jumatatu. Hati ya kiapo, kurasa tatu, na kila neno ndani yake lilikuwa kweli. Hilo ndilo aliloling'ang'ania miezi iliyofuata, jikoni, kanisani, akifua: sikusema uongo. Mahakama ikatoa amri ya kuzuia uteuzi mpaka kesi isikilizwe. Barua yenye mhuri, ambayo tayari ilikuwa imechapwa, ikarudishwa kwenye faili. Mkuu wa kituo cha Karambi, akiogopa kuitwa mahakamani naye, akamwomba Elise asifike kazini hadi mambo yaishe. Wanawake wa Karambi wakaanza kuteremka Bwera kujifungua, wengine kwa miguu.

Elise hakumpigia Olivia simu. Hakuja kumtukana. Olivia alingoja matusi siku baada ya siku, akayaandalia majibu, na majibu yakamchachia mdomoni.

Walionana mahakamani, kwenye benchi refu la nje. Mara ya kwanza Olivia alisimama mbali. Mara ya pili mvua ilinyesha, ubaraza ukajaa watu, na Elise akasogea bila kumtazama, akaacha nafasi ya mtu mmoja. Olivia akaketi. Walikaa hivyo bega kwa bega saa mbili nzima, mmoja mshitakiwa wa mwenzake, wakisikiliza bati. Mwishowe karani akatoka kusema kwamba jaji ni mgonjwa, kesi imeahirishwa.

"Saa tano na dakika tatu," Elise alisema, kwa mazoea.

Olivia alihisi kicheko kikimpanda, kile cha bwenini. Aligeuka. Elise naye alikuwa amegeuka, midomo yake ikitetemeka kidogo upande mmoja. Kisha akakumbuka walipo, akafunga mwavuli wake ambao hata haukuwa umefunguliwa, akaondoka. Olivia alibaki akiutazama mgongo wake hadi ulipopotea penye maduka ya saruji. Tangu siku hiyo hakuwa na hamu ya kushinda. Lakini hakumwambia Zedekiah aiondoe kesi. Angeweza. Alidhani kesi ni kama mimba, ikishaingia lazima ifike mwisho wake.

Siku ya ushahidi, upande wa Elise walimleta mjomba wake, Stanislas, mfanyabiashara wa vitenge aliyekuwa akihangaika kati ya Butembo na Kasindi. Alivaa koti zito na rozari shingoni, na alikataa kukaa.

"Wewe ni nani kwake?" jaji aliuliza kupitia mkalimani. Jaji alikuwa mama wa makamo, mgeni wa sehemu zile.

"Niko mujomba wake, Madame. Mama yake alikuya kwetu kuzala, ni vile tunafanyaka. Alibakia juma tatu, akarudia kwa bwana yake na mutoto mu mugongo."

"Kwa hiyo alizaliwa Kongo."

"Hapana, Madame. Alizaliwa kwa baba yake. Mama yake tu njo alikuwa kwetu."

Watu wakacheka. Jaji akagonga meza, ingawa naye alijishika kidevu kuficha tabasamu. Zedekiah alisimama akatoa nakala ya kitabu cha ubatizo, jina la Kasindi likiwa limeandikwa kwa wino wa padri, akaiweka mezani kama mtu anayemaliza mchezo.

Kisha zamu ya Olivia ikafika. Aliyemhoji alikuwa wakili wa Elise, Ninsiima, mama mfupi mwenye sauti ya kubembeleza, kama anayempa mtoto dawa.

"Mama Olivia, pole na safari. Wewe ulizaliwa wapi?"

"Mahango."

"Kwa nani?"

"Kwetu. Kwa baba."

"Mama yako alijifungulia nyumbani?"

Olivia alifungua mdomo. Ghafla aliona mahali maneno yanakokwenda, kama mtu anayeona shimo akiwa amekwisha inua mguu.

"Hapana. Mimba ilikuwa na shida. Walimteremsha hospitali."

"Hospitali hiyo iko Mahango?"

"Iko mjini. Kasese."

"Na kwenye fomu yako ya kuomba kazi hii uliandika nini?" Akampa karatasi. "Tusomee, tafadhali."

Mwandiko ulikuwa wake. "Mahango," Olivia akasoma.

"Ulitaka kuidanganya serikali?"

"Hapana."

"Ulikuwa unafikiri nini?"

Olivia alimtafuta Elise kwa macho, akamwona kwenye safu ya pili, ameinama, akizungusha mpini wa mwavuli. "Nilikuwa sifikirii," alisema. "Ndiko kwetu."

Kutoka nyuma Stanislas alipaza sauti. "Basi bote tutafutwa mu orodha!" Safari hii chumba kizima kilicheka, pamoja na askari wa mlangoni, na karani akaficha uso nyuma ya faili. Elise peke yake hakucheka. Alimtazama Olivia kwa huruma, ile ile aliyomtazama nayo juu ya karatasi ya mtihani wa mifupa, na Olivia alitamani sakafu immeze.

Hukumu ilichukua miezi mitano zaidi. Jaji aliandika kwamba Elise Masika ni raia kwa baba yake popote mama yake alipolala siku ile. Kwamba jibu lake la fomu lilikuwa na kosa, lakini ni kosa la watu wa nchi ile wote, akiwemo mlalamikaji. Kwamba hakukusudia kumdanganya mtu. Kwamba ana sifa. Zedekiah akakunja karatasi zake akampa Olivia pole, akakumbuka mahali pengine pa kwenda.

Lakini mwaka wa fedha ulikuwa umekwisha, na kibali cha kuajiri kimekwisha nao. Ofisa alimweleza Elise kwa upole, mlangoni, hukumu ikiwa bado mikononi mwake. Nafasi ile haipo tena. Ikirudi itatangazwa upya, na kila mtu ataomba upya, na kila mtu atafanyiwa usaili upya.

Olivia alikuwa hatua chache tu, akasikia yote. Alitaka kusogea. Hakusogea.

Nafasi ilirudi baada ya mwaka. Olivia hakutaka kuomba. Mugume alikuwa Moroto, yeye alikuwa amehamia kwa mama yake, kliniki imemwachisha kazi. Alimwambia mama yake kwamba ile ni kazi ya Elise, atamwachia. Mama yake alikuwa akimenya ndizi, hakusimamisha kisu.

"Amekuambia ataomba?"

"Hatuongei."

"Basi wanawake wa Karambi wataendelea kuzalia njiani kwa sababu nyinyi wawili hamuongei. Umeshamharibia mwenzio. Sasa unataka na kazi yenyewe ioze?"

Akaomba. Penye swali la mahali pa kuzaliwa alikaa na kalamu muda mrefu, akaandika jina la hospitali, na lilionekana machoni pake kama jina la mtu asiyemjua. Siku ya usaili alisimama chini ya ubaraza ule ule, akingoja. Alikuwa amejiambia kwamba Elise akitokea ataondoka, amwachie. Wasichana wadogo walikuja, vyeti vyao vipya, wakaulizana maswali. Elise hakutokea. Olivia akawa wa kwanza, kwa mara ya kwanza katika maisha yake, na hapakuwa na mtu wa kumwambia.

Sasa ni mwaka wa tatu yuko Karambi. Kila Jumanne na Ijumaa, siku za soko la Mpondwe, akipata nafasi huteremka mpakani na kuwauliza wanawake wa Beni na Butembo wanaovuka na mafuta ya mawese. Simu ya Elise haipatikani, na habari za huko mara nyingi si nzuri. Mama mmoja wa maharage alimwambia amemwona, katika zahanati ya kanisa, mbali na barabara. "Ule mukunga? Tunamuitaka Mama Uganda. Eko muzima." Olivia alinunua maharage ambayo hakuyahitaji ili tu mama yule aendelee kusema, lakini hakuwa na la zaidi.

Walionana mara ya mwisho pale pale mpakani, Ijumaa moja, siku tatu kabla ya Olivia kuanza kazi. Alikuwa amekwenda Karambi kumtafuta, akakuta mlango una kufuli na jirani akinyoosha mkono kuelekea mtoni. Alishuka mbio. Aliwakuta karibu na daraja, Stanislas akifunga godoro juu ya baiskeli ya mizigo, Elise ameshika beseni lenye vyombo.

"Yaya," Olivia aliita. Hakuwa amemwita dada tangu kesi ianze.

Elise aligeuka. Hakuonekana kushangaa.

"Usiende. Nitaandika barua, nitaikataa, nitawaambia wakuchukue wewe."

"Hawafanyi hivyo, Biira. Unajua hawafanyi hivyo." Aliweka beseni chini. "Mjomba amenipatia mahali. Siku ya kwanza nilipofika huko padri aliuliza, mkunga ni nani? Wakanionyesha mimi. Hivyo tu. Wakanionyesha kwa kidole."

"Nilisema kweli tu," Olivia alisema, na aliposikia sauti yake mwenyewe ikiyatoa maneno yale, akaona yalivyokuwa madogo. "Nisamehe. Nilikosa."

Watu walikuwa wakipita kati yao na magunia, vijogoo vimefungwa miguu, na kila mara Olivia alilazimika kuinua shingo ili asimpoteze. Stanislas alikohoa, akasema foleni ya mpakani inarefuka. Elise akainua beseni kichwani, akapiga hatua mbili, kisha akarudi. Alimsogelea Olivia karibu sana, akashusha sauti kama wafanyavyo wakunga wanapopokezana zamu.

"Kuna Kansiime, mke wa Tsongo, nyumba ya juu ya shamba la kahawa la kanisa. Tumbo lake ni la pacha, naye anajua, anaogopa kusema. Mtembelee wiki hii, usingoje aje. Na usimuulize mbele ya mama mkwe wake."